Aliyelivulia Sanduku Kofia

Watu wa mji wetu wa Ackerby wakimkumbuka Cyril Marsden, humkumbuka kwa sauti. Alikuwa ndiye yule wa stesheni, aliyetangaza treni ya Leeds hata mtu aliyesinzia akajua asimame upande upi. Mimi ni Hilda Sugden. Nilimpangisha chumba cha nyuma kwa miaka kumi na miwili, na kabla ya hapo nilimlaza wiki moja kila mwaka, wiki ya tatu ya Februari, kwa miaka kumi na mmoja. Kwa hiyo nikisema sauti yake haikuwa kitu, nina haki ya kusikilizwa. Kilichokuwa kitu ni ukimya wake. Na ukimya huo niliuvunja mimi, kwa mdomo wangu huuhuu.

Enzi zile nyumba yangu ya Mtaa wa Kiln ilikuwa ya kulaza watu wa jukwaani. Walifika Jumapili kwa treni, wakacheza pale jumba la maonyesho la Coronet Jumatatu hadi Jumamosi, mara mbili kila jioni, na Jumapili inayofuata wakaondoka kwenda mji mwingine. Nimewapikia wote. Nilimpikia mama mmoja aliyefunza mabata bukini kucheza dansi, wakanichafulia ngazi. Nilimpikia bwana aliyemeza panga mbele ya watu mia tisa kisha akaja mezani kwangu kulalamika kwamba viazi vyangu vinamkwama kooni. Wengi nimewasahau, na sioni aibu kusema hivyo.

Marsden na Tench sikuwasahau. Albie Tench ndiye aliyekuwa mfupi, mnene, asiyetulia kitini, na ndiye aliyechekesha. Cyril alikuwa mrefu, mkavu, mwenye uso wa mtu anayesubiri majibu ya hospitali. Yeye kazi yake ilikuwa kuuliza. Desturi ya jukwaani ni kwamba jina la muulizaji hutangulia kwenye mabango, na watu wakidhani ndiye mkubwa, basi wanadhani tu. Wakitoka nje baada ya onyesho, wote walimkimbilia Albie. Cyril alisimama kando ameshika koti la mwenzake.

Mchezo wao ulikuwa mmoja tu, wa dakika kumi na mbili. Waliuanza kabla ya vita, wakaucheza kambini wakati wa vita, wakarudi nao nyumbani baada ya vita. Cyril alikuwa mkaguzi wa stesheni, amevaa kofia ya kweli ya reli aliyoinunua mnadani. Albie aliingia akiburuta sanduku kubwa kama kabati.

"Ndani mna nini?" anauliza Cyril.

"Shangazi yangu."

Hapo ndipo palipokuwa na uhondo wenyewe. Cyril hakusema kitu. Alimtazama Albie. Akalitazama sanduku. Akamtazama tena Albie. Kisha polepole, kwa adabu zote, akalivulia sanduku kofia. Jumba zima lilikuwa linakufa kwa kicheko, na yeye hata ukope hautikisiki. Akangoja mpaka kicheko kianze kushuka, ndipo anauliza kwa sauti ya chini, kama mtu asiyetaka kumwaibisha mgeni:

"Ana tikiti?"

Kimya tena. Kimya cha kuhesabu nne. Nilikihesabu mimi kila mwaka. Kisha Albie anajibu: "Kwani unadhani kwa nini yumo sandukuni?"

Wahenga walisema kimya kingi kina mshindo mkuu. Niliona mshindo huo kila Februari, na kila Februari nilicheka mpaka nikashika mbavu, ingawa nilijua kinachokuja. Nilijua na sikujua. Mwaka ni mrefu. Katikati kuna kufua, kuna mafua, kuna misiba. Ukirudi Coronet maneno yameshakutoka, umebaki na hamu tu. Ndivyo watu wale walivyoishi: mji mmoja kwa wiki, kila mji mara moja kwa mwaka, dakika kumi na mbili zikiwatosha maisha yao yote.

Februari ya mwaka hamsini na sita Albie alishuka kwa kifungua kinywa na barua mkononi. Ilitoka London, kwa watu wa televisheni. Walitaka mchezo wa sanduku, Jumamosi moja ya Januari inayokuja.

"Sema kitu basi, we mlingoti!" Albie alimwambia mwenzake. "Nimesoma mara mbili, unatafuna tu."

"Wanataka ule wa sanduku," alisema Cyril.

"Sasa walitaka upi? Tuna mwingine?"

"Ndiyo hilo ninalosema. Hatuna mwingine." Cyril aliweka uma chini. "Albie, kule wanatazama watu mamilioni, usiku mmoja, nchi nzima. Jumatatu yake tutamwambia nani?"

"Tutatunga mpya!"

"Huu ulituchukua miaka mitatu kuunyoosha."

"Kwa hiyo tuzeeke na shangazi sandukuni? Hayo majumba yanafungwa, Cyril. Wiki iliyopita kule Barnsley tulicheza mbele ya watu arobaini na paka. Mama Sugden, hebu mwambie huyu bwana!"

Na mimi, nani alinituma? Nilikuwa nimesimama na buli la chai, ningeweza kumimina chai nikaenda zangu. Lakini nilipenda kuwaona wakipanda juu. Nikasema, "Bwana Marsden, bahati haipigi hodi mara mbili. Nendeni. Mkienda, nitanunua televisheni mimi, niwaone nikiwa nimekaa kwenye kiti changu."

Cyril alinitazama vile alivyolitazama sanduku. Kisha akasema, "Sawa, Mama. Ukinunua wewe, tutakwenda."

Nilinunua kweli. Ilikuwa kama kabati la vyombo, na kioo chake hakikuzidi sahani. Jumamosi ile ya Januari nilifunga mapazia, na nusu ya Mtaa wa Kiln ikajaa sebuleni kwangu. Jirani yangu Bi Lumb alikalia mkono wa kiti bila kuombwa akauvunja, na mpaka leo anasema aliukuta umevunjika. Walipotokea tulipiga makofi, utadhani wangetusikia. Tulicheka sana. Bi Lumb alicheka hadi akatoa meno yake ya bandia akayashika mkononi.

Lakini kuna kitu kilinikosesha raha, na sikukijua mara moja. Albie aliposema "Shangazi yangu," kamera ilibaki usoni kwa Albie. Uso wake ulijaa kioo chote, anapepesa macho, anajilamba midomo. Tuliucheka uso. Kisha tukasikia sauti ya Cyril ikiuliza, "Ana tikiti?" na kamera ilipomwonyesha, kofia ilikuwa imesharudi kichwani. Nchi nzima haikumwona akilivulia sanduku kofia. Isitoshe alikuwa ameharakisha, mtu asiyeharakisha kitu maishani. Baadaye aliniambia kwamba watazamaji kule waliwekwa nyuma ya mitambo, kicheko kikamfikia kama cha nyumba ya jirani, na kijana mmoja mwenye saa alikuwa akimpungia mkono amalize.

Wiki tano baadaye walikuja kwangu kama kawaida. Mabango ya Coronet yalikuwa mapya, na chini ya majina yao iliandikwa: KAMA MLIVYOWAONA KWENYE TELEVISHENI. Tikiti zote zilikwisha kabla ya Jumatatu. Albie alikuwa anaimba bafuni. Cyril alinijia jikoni nikimenya viazi, akasimama pale mlangoni muda mrefu.

"Mama," alisema, "leo usije."

"Nisije? Kwa miaka kumi na mmoja nakuja, leo mmekuwa watu wakubwa ndiyo nisije?"

"Siyo hivyo."

"Basi vipi?"

Akachukua kiazi mezani, akakigeuzageuza mkononi. "Hapana. Njoo. Nilikuwa nasema tu."

Nilikwenda, zamu ya kwanza, saa kumi na mbili na robo, mimi na Bi Lumb, safu ya tatu. Nilivaa kofia yangu nzuri. Jumba lilijaa mpaka watu wakasimama ukutani, na nilijiona kama mwenyeji wao wote. Albie alipoingia na sanduku watu walipiga kelele kabla hajafungua mdomo. Cyril akauliza ndani mna nini. Albie akasema shangazi yangu. Cyril akamtazama, akalitazama sanduku, akavua kofia, na kicheko kilikuwepo, lakini cha juujuu, kama cha watu wanaongoja kingine. Waliokuja kwa sababu ya televisheni hawakujua kofia ni ya nini.

"Ana tikiti?" akauliza Cyril.

Kikaja kile kimya. Moja. Mbili. Na mimi, Mungu anisamehe, nilifurahi kupita kiasi. Niliwapenda, nilitaka wajue kwamba niliwaona, kwamba nilifunga mapazia na kuketi kwa ajili yao. Maneno yakanitoka mdomoni: "Kwani unadhani kwa nini yumo sandukuni!"

Nilisema kwa sauti ya jikoni, na mimi sauti ya jikoni ninayo. Jumba zima likaangua kicheko. Walinicheka mimi, si wao. Halafu mtu wa juu kule roshani akarudia, na wengine wakarudia, na kuanzia hapo kila Cyril alipouliza, watu mia tisa walijibu kwa pamoja, wakajipigia makofi wenyewe. Hawakuwa na ubaya. Walidhani wanasaidia.

Albie ni mtu wa haraka. Mara moja alipanda juu ya sanduku akaanza kuwaongoza kwa mikono kama mwalimu wa kwaya ya kanisa, na watu wakapagawa. Lakini mimi nilikuwa namtazama Cyril. Alisimama palepale, kofia mkononi, hajairudisha kichwani. Hakuwa na kazi tena. Aliyekuja kuuliza alikuta kila mtu ana jibu.

Mdomo uliponza kichwa, wanasema. Wangu uliponza cha mwenzangu.

Ikawa hivyo wiki nzima. Kufika Jumatano watu walikuwa wanatoka miji ya jirani kuja kupiga kelele. Ijumaa ilikuja simu ya maandishi kutoka London. Walimtaka Albie kila wiki, kipindi chake mwenyewe, na maneno mapya ya kuandikiwa na watu wa palepale. Jina la Cyril halikuwamo.

Jumapili asubuhi walishuka na mizigo yao. Miaka yote waliondoka pamoja, wakibishana nani amesahau brashi ya viatu. Safari hii brashi haikutajwa.

"Nitazungumza nao," alisema. "Nikishazoea pale, nawaambia, jamani, mimi bila Cyril siwezi."

"Nenda, Albie. Utakosa treni."

"Nitawaambia, naapa."

"Najua."

"Sanduku nikuachie?"

"Utalihitaji."

"Wametunga mapya. Hakuna sanduku."

"Basi liache."

Albie alinibusu shavuni, akamshika Cyril mkono, akauachia, akaushika tena. Kisha akaondoka akikimbia na vile vimiguu vyake. Cyril aliketi mbele ya yai lililopoa. Baada ya muda mrefu aliniuliza, "Mama, chumba cha nyuma kina mtu wiki ijayo?"

Nilimwambia hakina. Kilikuwa na mtu, bwana wa mazingaombwe kutoka Hull, nikampelekea Bi Lumb. Ile wiki moja ikawa miaka kumi na miwili.

Alipata kazi stesheni mwezi wa Aprili. Walimpa kofia mpya ya reli, na ile ya jukwaani akaitundika kwenye msumari nyuma ya mlango wake. Hakuivaa tena. Sanduku alilitia blanketi zangu za akiba. Alikuwa mpangaji wa kupigiwa mfano: viatu mlangoni, sahani nyeupe, hodi kabla ya kuingia jikoni. Coronet ilipofungwa na kugeuzwa ghala la mazulia, alienda siku ya mwisho peke yake, akarudi, akala matumbo na vitunguu, hakusema neno. Nilitaka aseme. Kuna watu wakinyamaza unapumzika. Yeye akinyamaza nilikuwa nahukumiwa, ingawa hakuwa akinihukumu.

Jumamosi tulikitazama kipindi cha Albie. Mimi nilikuwa tayari kuizima televisheni, yeye ndiye aliyeiwasha. Walimpa waulizaji wa kila namna: mabinti wazuri, bwana wa meno mengi, mara hata mbwa. Cyril alikaa ameinama mbele, mikono magotini, na kila Albie alipokaribia jibu, midomo yake ilicheza.

"Subiri," alikuwa akinong'ona. "Subiri... ah. Kamwahi."

"Nani kamwahi?"

"Huyo binti. Hakumwachia nafasi. Angempa mbili tu, Albie angewaua kwa kicheko."

Hakumsema Albie vibaya hata siku moja. Usiku mmoja tu wa Krismasi Albie alipata kicheko kama cha zamani, na Cyril akajipiga goti akasema, "Ndiyo hiyo! Ndiyo hiyo, mzee!" kisha akaenda kulala mapema.

Kila Krismasi Albie alituma paja la nguruwe na kadi. Mwenyewe hakuja.

Mwaka wa saba nilishindwa kuvumilia. Ilikuwa Jumapili, anaondoa maganda ya yai. Nikamwambia, "Bwana Marsden, ile Jumatatu ya Coronet, aliyeanza kusema nilikuwa mimi."

"Najua, Mama. Safu ya tatu, kofia ya manyoya ya kijani."

"Umejua siku zote hizi unakula kwangu?"

"Usingekuwa wewe angekuwa mwingine. Kama si hapa, Bradford." Akakunja leso yake vizuri. "Na ulilisema vizuri. Uliwahi kidogo tu."

Nililia mbele yake, kitu nisichofanya mbele ya wapangaji. Yeye alinisubiri nimalize. Alijua kusubiri kuliko mtu yeyote niliyepata kumwona.

Alikufa Novemba ya mwaka sitini na tisa, kifua, siku nne tu. Nilipeleka habari kwa Albie kwa anwani iliyokuwa kwenye kadi ya mwisho, bila tumaini. Kipindi chake kilikuwa kimeshakufa siku nyingi. Walimkamua miaka sita, kisha wakatafuta mwingine.

Asubuhi ya maziko alikuwa mlangoni kwangu. Alikuwa amekonda, na koti lilimning'inia. Hakutania hata neno.

"Nimeshuka stesheni," alisema, "wakatangaza kitu kwenye kipaza sauti, sikuelewa hata neno moja. Hapo ndipo nilipoamini kwamba amekufa."

"Kwa nini hukuja akiwa hai, we mtu?"

"Nilimwambia nitazungumza nao." Alitazama sakafu. "Sikuzungumza, Mama. Niliogopa wangeniambia basi nenda naye. Kisha kila wiki nasimama pale, nasema maneno yangu, nageuka, hakuna anayenisubiri. Ningemwambia nini? Ningemwambia, aliyechekesha ulikuwa wewe?"

"Ungemwambia hivyohivyo."

Alinipa mkono, tukatoka.

Kanisani tulikuwa watu thelathini hivi, wengi wa stesheni. Ile kofia ya jukwaani nilikuwa nimeiweka juu ya jeneza mimi mwenyewe. Mchungaji alipomaliza, Albie alitoka kwenye kiti chake akasogea mbele. Watu waliminyana viwiko: si yule wa televisheni? Nikaona vijana wawili wa reli wameshaanza kutabasamu, wanangoja kichekesho.

Albie alilitazama jeneza. Akatutazama sisi. Akalitazama tena jeneza. Kisha polepole, kwa adabu zote, akapandisha mkono kwenye kichwa chake kisicho na kitu, akavua kofia isiyokuwepo, akaishika kifuani.

Hakuna aliyeelewa. Wangeelewaje? Kamera haikuwaonyesha. Mchungaji alikohoa. Bi Lumb aligeuka kunitazama, macho yananiuliza kuna nini, na neno lilikuwa limeshanifika mdomoni, nilitaka kusimama niwaambie wote, ndiye yeye, ndivyo alivyokuwa, hii ni ya Cyril.

Nikafumba mdomo. Nikahesabu. Moja. Mbili. Tatu. Nne. Na kwa mara ya kwanza tangu ile Jumatatu, nilimwachia nafasi yake yote.